Dirisha la Banda la Tabea

Wifi yangu Tabea aliogopa kila kitu alichoumba Mungu, na vingine ambavyo Mungu hakuviumba. Aliogopa radi. Aliogopa bundi. Aliogopa chui ambaye hakuna mtu pale kijijini kwetu Yakobi aliyewahi kumwona hata unyayo. Mtu akipiga hodi, yeye kwanza alimfunika mtoto, ndipo aitike. Mimi nilikuwa nikimtania. "Wifi," namwambia, "siku moja utakimbia hata kivuli chako, ukiache njiani peke yake." Naye anacheka, huku anatazama nyuma.

Lakini aliyeumwa na nyoka akiona unyasi hushtuka, na woga wa Tabea ulikuwa na mahali ulipotoka. Alizaliwa Lyamkena, pale karibu na njia panda ya Makambako, ambako magari ya Iringa, ya Mbeya na ya Songea yote yalipita. Wakati wa vita vya Hitla alikuwa binti mdogo. Siku hizo askari walikuja na lori kukusanya wanaume wa kwenda kwenye mashamba ya Wazungu na mkonge, wapende wasipende. Mama yake alikuwa akimsukumia ndani ya kihenge cha mahindi na kumfunika kwa ungo. Humo gizani alisikia buti, akasikia jina la baba yake likiitwa, akasikia lori likiondoka. Baba hakurudi. Wengine walisema alikufa kwa homa huko Tanga, wengine walisema ameoa huko huko. Tabea alibaki na neno moja tu kichwani: mgeni akija, mtu wa kwenu huondoka.

Kaka yangu Anania alimwoa katika kanisa letu, akamjengea nyumba ya matofali mabichi, akamlimia shamba la viazi na kumwachia nguruwe majike. Kisha Anania naye akapanda lori kwenda mkonge, safari hii kwa hiari yake, kwa kuwa alitaka nyumba ya bati. Tabea alilia mpaka macho yakavimba. Anania akamwambia, "Usilie. Nitunzie nguruwe wangu. Nikirudi nikute banda limejaa." Hayo yalikuwa maneno tu ya mume anayeondoka, lakini Tabea aliyashika kama amri ya kumi na moja.

Sasa, Yakobi mwezi wa saba si mahali pa kufanyia mchezo. Sakitu, ule umande ulioganda, hulala juu ya majani ya viazi, nyasi ukizikanyaga asubuhi zinalia chini ya miguu. Kipupwe kimoja, mwaka wa kwanza Anania hayupo, nguruwe wake mmoja alizaa usiku wa sakitu. Asubuhi Tabea akawakuta watoto wote wamekauka kama vipande vya kuni. Aliwabeba kwenye khanga akawapanga karibu na moto, akawasugua mmoja mmoja, anawaita. Mimi ndiye niliyemnyang'anya.

Mwaka uliofuata akaapa kwamba baridi haitamla tena. Banda lake akalikandika udongo mpaka kuta zikawa nene kuliko za nyumba yake. Paa la nyasi akalishusha chini. Kulikuwa na dirisha moja, nalo akaliziba kwa matope na majani makavu, asiache hata tundu la kidole. Watoto wa nguruwe walipoachishwa kunyonya akawaingiza humo wote. Kisha akanionea huruma, akasema nilete na wa kwangu. Jirani yetu Fidelia naye akaleta wa kwake. "Wengi hupashana joto," alisema Tabea, na hakuna aliyembishia, maana ndivyo tulivyolelewa. Watoto wetu hulala kitanda kimoja chini ya blanketi moja, mbuzi tunalala nao nyumba moja. Sisi Wabena hatujui dawa nyingine ya baridi zaidi ya kubanana.

Na kweli, hakuna aliyekufa kwa baridi. Tabea alitembea kifua mbele. Lakini ukifungua mlango wa banda lile, harufu ya mkojo ilikupiga machoni mpaka machozi yakutoke. Nguruwe walilala wamepandana. Hori lilikuwa moja, na wakati wa kula wadogo walikanyagwa na wakubwa, wageni waliumana na wenyeji. Chini hapakuwa na udongo wa kuchimba wala jani la kutafuna, kwa kuwa Tabea alikuwa amepigilia sakafu iwe ngumu, isiingize unyevu.

Ndipo akaja Nahumu.

Nahumu alikuwa Mkinga, mwembamba, mpole, Kiswahili chake kinapanda na kushuka kama milima ya kwao. Alikuja kubandua magome ya miti ya miwati kwenye mashamba makubwa upande wa pili wa mto. Jumbe wetu, Enoki, ambaye pia alikuwa mzee wa kanisa, ndiye aliyempeleka kwa Tabea alale katika jiko la zamani. Jumbe alisema nyumba isiyo na mwanamume inahitaji mtu wa kupasua kuni. Mgeni njoo, mwenyeji apone. Tabea hakuweza kumkatalia jumbe, akaitikia, kisha akasogeza kitanda chake kikaziba mlango.

Mtu yule hakuwa na ubaya wowote. Aliamka mapema, akaenda kazini na kisu chake cha kubandulia kimefungwa kwenye gunia. Jioni alirudi na mikono imebadilika rangi kwa maji ya magome, myekundu iliyoiva, rangi isiyotoka hata kwa sabuni. Tabea aliiona mikono ile kila alipompa ugali. Alikuwa akiweka sahani chini na kurudi nyuma, yeye aichukue mwenyewe.

Siku moja Nahumu alikuwa anapita na mzigo wa kuni, akasimama mlangoni pa banda wakati Tabea anawatilia nguruwe maganda ya viazi. Akatazama kwa muda.

"Kamwene, mama," alisalimia.

"Kamwene."

"Hawa wamebanana mno, mama. Ona wanavyofyata mikia. Toboa dirisha lile, hewa ipite. Na uwatupie udongo wachimbe."

Akaenda zake na kuni zake. Tabea akaja kwangu mbio, mtoto anarukaruka mgongoni.

"Wifi, kwa nini anataka dirisha litobolewe?"

"Labda kwa sababu banda linanuka," nikasema.

"Dirisha lile linatosha mtu kupita."

Nilicheka. Nilimwambia kama kuna mtu atakayepita dirishani kwenda kulala na nguruwe, basi tumwache, ana shida kuliko sisi. Tabea hakucheka.

Baada ya hapo ndipo mkia wa kwanza ulipopotea. Tabea alifungua mlango asubuhi, akakuta nguruwe mmoja ana kishina tu, kinavuja damu, na kuta zimerushiwa matone mpaka usawa wa goti. Komeo lilikuwa kama alivyoliacha. Alitafuta ule mkia kila pembe, akapekua kinyesi kwa kijiti, asiuone. Hilo ndilo lililomtia baridi kuliko damu yenyewe. "Kama ni panya, angeacha mfupa," aliniambia. "Huu umechukuliwa, wifi. Mtu ameuchukua."

Mwaka ule habari za chinjachinja zilikuwa zimepanda kutoka Makambako pamoja na malori. Watu walisema wapo wanaume waliopewa kazi ya kuwinda damu ya binadamu, wanakukamata njiani, wanakukamua, damu inatiwa chupani ikatengenezwe dawa. Mimi sikuwahi kumwona hata mtu mmoja aliyepungukiwa tone. Lakini kila mtu alikuwa na binamu mahali pengine aliyeponea chupuchupu.

Tabea alimweleza Fidelia kisimani. Alisema yote, mkia, komeo, kisu cha gunia, mikono myekundu, na neno la dirisha. Ulimi hauna mfupa, na ule wa Fidelia haukuwa hata na mshipa wa kuuzuia. Kabla mitungi haijajaa, wanawake wote wa kisimani walikuwa wanajua. Jioni vijana kwenye kilabu cha pombe ya ulanzi walikuwa wanajua zaidi kuliko Tabea mwenyewe. Lisemwalo lipo, walisema, kama halipo laja.

Mikia ikaendelea kupotea. Masikio nayo yakaanza kutoka vipande. Kisha nguruwe mmoja wa Fidelia akakutwa amekufa, paja limefumuliwa mpaka nyama ya ndani inaonekana. Hapo hadithi ikakamilika: chinjachinja anajifunzia kwa nguruwe, akishazoea kuingia na kutoka atahamia kwa watoto. Wanawake wakaanza kuwabeba mgongoni hata watoto wa kwenda shule, miguu yao inaburura chini. Ningecheka, ila mimi mwenyewe nilikuwa nimeanza kukaza mlango wangu kwa mchi. Niliogopa. Sikuamini, lakini niliogopa, na vitu hivyo viwili vinaweza kukaa ndani ya mtu mmoja bila kugombana.

Tabea ndiye aliyekwisha kabisa. Aliacha kula. Maziwa yakamkauka, mtoto akawa analia kutwa. Kila akifungua banda alikuwa anasema zaburi kwanza, kwa sauti ya chini, mkono kwenye komeo.

Jumamosi moja mchana, vijana walimngoja Nahumu kwenye kivuko cha mto. Walimkuta anaosha mikono. Sijui walitaka dalili gani zaidi ya hiyo. Walimfunga kamba, wakamburuta mpaka kwa Jumbe Enoki, wakamfungia kwenye ghala la mahindi, kisu chake wakakiweka kwao. Enoki alitoka akasema kwa sauti ya mimbarini kwamba hakuna mtu wa kumgusa. Kesho, baada ya ibada, Tabea ataeleza mbele ya watu neno aliloambiwa, na Jumatatu mtuhumiwa atapelekwa bomani Njombe kwa Bwana Shauri, Mzungu wa wilaya. Vijana wakaitikia, "Ndiyo, jumbe," wakatazamana. Njia ya bomani inapita kwenye korongo lenye kina. Sote tulilijua lile korongo. Tulijua pia kwamba mtu anaweza kuteleza.

Jua halijazama Tabea akaja kwangu, akakaa kwenye kigoda.

"Wifi, nikisema, watamuua."

"Basi usiseme."

"Nisiposema, watasema mimi ni mwenzake. Wameshaanza kusema. Fidelia hakuitikia salamu yangu."

"Ni kweli alikwambia utoboe dirisha?"

"Alisema."

"Basi kesho sema hakusema. Danganya."

"Mbele ya kanisa?" Alinitazama kana kwamba nimemwambia avue nguo. "Na kama ni yeye kweli? Nikidanganya, halafu aje amchukue mtoto?"

Nilimwambia alale kwangu, akalala, au tuseme alijilaza.

Asubuhi ukungu ulikuwa mzito, hata mti wa uani hauonekani. Kengele ya kwanza ya kanisa ilikuwa imelia. Tukaenda pamoja kuwapa nguruwe chakula kabla ya ibada, mimi nimebeba ndoo ya maganda na machicha ya pombe, yeye kambeba mtoto. Tulipokaribia banda tukasikia mlio. Nguruwe mmoja alilia kwa uchungu, kelele nyembamba, ndefu, kisha kimya.

Tukasimama. Komeo liko mahali pake. Nahumu yuko ghalani kwa jumbe, vijana wanamlinda. Nilihisi nywele zinanisimama chini ya kilemba.

"Nani yumo ndani?" Tabea akanong'ona.

"Tukawaite watu," nikasema. "Wifi, tuondoke hapa."

Akamfungua mtoto mgongoni, akanikabidhi. Mikono yake ilikuwa ya baridi kama jiwe la mtoni. "Mshike. Nisipotoka, mpeleke kwa mama yangu, Lyamkena."

"Una wazimu? Usiingie!"

"Nikikaa hapa nje ndio naogopa zaidi," alisema.

Akaingia. Akauvuta mlango nyuma yake. Mwanamke aliyekimbia bundi akajifungia gizani na kitu kinachokula mikia. Mimi nilibaki na mtoto kifuani, ndoo miguuni, naomba Mungu huku naulaani ukoo wote wa mkonge uliomchukua kaka yangu. Nilimwita, hakujibu. Nikasikia tena ule mlio, na mara hii ukafuatwa na vishindo vya kwato nyingi, halafu Tabea akapiga yowe.

Nilivuta mlango ukang'oka bawaba. Tabea akatoka amemkumbatia nguruwe mdogo, jike mweupe mwenye baka jeusi jichoni. Nilimtambua, alikuwa wa kwangu. Mdomo wake ulikuwa umelowa damu, na kipande cha mkia kilikuwa bado kinaning'inia menoni mwake. Kidole gumba cha mguu wa Tabea kilikuwa kinavuja damu. Alikuwa analia na kucheka kwa pamoja.

"Ni wao, wifi," alisema. "Ni wao kwa wao."

Alinieleza pale pale, anahema. Alikaa pembeni, kachuchumaa, akaziba pua kwa khanga mpaka macho yakazoea giza. Nguruwe walikuwa wamerundikana, hakuna wa kugeuka. Yule mweupe akaanza kupita katikati yao, akaushika mkia wa mwenzake mdomoni, taratibu tu, kama mtoto anayenyonya kidole kwa kukosa la kufanya. Mwenzake hakujali. Akatafuna, akatafuna, mpaka damu ikatoka. Aliyeng'atwa akalia, lakini hakuwa na pa kukimbilia. Na wale wengine, waliokuwa wamelala, waliposikia harufu ya damu wakainuka wote, wakaja. "Wote, wifi. Hata wale wapole. Walipommaliza yule wakaanza kuninusa mimi."

Tulikimbia. Kengele ya pili ilikuwa inalia, lakini watu hawakuwa kanisani. Hawakungoja ibada. Walikuwa wamejaa uani kwa Enoki, kati ya ghala na uzio, bega kwa bega, waliokuwa mbele wanasukumwa na waliokuwa nyuma. Tulishindwa kupita. Tabea, ambaye kwaya ilimshinda kwa kuogopa kutazamwa, akapaza sauti mpaka kwenye ghala.

"Nipisheni! Nimemleta chinjachinja!"

Wakageuka. Akamwinua yule nguruwe juu, damu inamchuruzika mkononi. Akasema alichokiona. Fidelia akasema, "Amerogwa huyu. Amelishwa maneno." Na sauti ya mwanamume, kutoka katikati ya watu, ikasema, "Ni mwenzake. Nilisema mimi, ni mwenzake." Nikaziona nyuso zile, nyuso za watu waliokula kwangu, zimeacha kutazama ghala na zinamtazama wifi yangu. Nilimkumbatia mtoto nikatafuta kwa macho mahali pa kukimbilia, na hapakuwapo.

Lakini Tabea aliendelea.

"Jumbe," alisema, "mgeni umemfungia wewe mwenyewe, jana mchana. Mkia huu umekatwa sasa hivi, damu bado mbichi. Nani ameukata? Kama nasema uongo, njoo uingie bandani kwangu. Ukae, mlango ufungwe, kama nilivyokaa mimi."

Enoki alikuwa mtu mkubwa wa mwili na wa kofia. Alimtazama nguruwe, akatazama viatu vyake vya Jumapili. "Nitaingia," alisema, kwa sauti ndogo ambayo hatukuwahi kumjua nayo.

Tukaenda, nusu ya watu wakitufuata. Akaingia na mzee mwingine, nami nikaushikilia mlango. Hawakukaa sana. Walitoka wanagombania mlango, mzee wa kanisa mbele, pindo la suruali yake limechanika na lina mate ya nguruwe. Alijifuta uso kwa kofia. "Ni kweli," alisema. "Kafungueni ghala."

Nilidhani woga umekwisha. Nilikuwa tayari naandaa matani ya kumtania jumbe.

Walipofungua mlango na kumkata kamba, Nahumu alichelewa kutoka. Alitoka taratibu, mkono mmoja kashika upande wa kichwa, na gunia lake kalikunja chini ya kiganja, limelowa damu. Enoki akamwondoa mkono. Nusu ya juu ya sikio haikuwepo. Kisu chake kilikuwa chini karibu na kizingiti, mahali ambapo yeye, aliyefungwa kamba, hakuweza kukiweka.

"Nani?" akauliza Enoki.

Vijana waliokuwa zamu walitazamana. Mmoja alikuwa ameenda kujisaidia. Mwingine alikuwa amesinzia. Mwingine alimkuta hivyo hivyo. Kutoka nyuma mtu akasema, "Tulitaka aseme tu," na tulipogeuka kila mdomo ulikuwa umefungwa. Watu wakaanza kukumbuka kwamba kuna ibada.

Tabea alimkalisha Nahumu kwenye ngazi ya ghala, akaomba maji ya moto na chumvi, akamwosha. Maji yalimwagika shingoni kwa mtu yule. Hiyo ndiyo mara ya kwanza niliyomwona akimgusa.

"Baki, baba," alimwambia. "Nitalitoboa dirisha leo hii."

"Litoboe, mama," alisema Nahumu. "Na wagawe, wasikae wote pamoja. Yule mng'ataji mtenge peke yake. Wakishaonja damu hawaachi." Akajikaza mpaka chumvi ilipoacha kuuma. "Mimi naenda. Na mimi naogopa, mama."

Aliondoka mchana ule ule kwa njia ya Makambako, bila kudai kisu chake. Ukungu ulikuwa umeinuka, tukamwona mpaka mbali. Kila baada ya hatua chache alitazama nyuma.

Tabea alichukua jembe akalibomoa dirisha kwa mapigo ambayo hayakuwa ya dirisha tu. Akawagawa nguruwe katika mabanda, mimi nikachukua wa kwangu, Fidelia akaja kuwachukua wa kwake usoni haangaliki. Kila siku Tabea aliwatupia mabonge ya udongo na mabua ya mahindi wapate kazi ya midomo. Mikia iliyobaki aliipaka shubiri, kama tunavyopaka titi tunapomwachisha mtoto. Mng'ataji alionja mara moja, akatema, akasusa. Kwa baridi aliwamwagia majani makavu mengi, wakajifukia humo, na hakuna aliyekauka. Anania aliporudi alikuta banda limejaa, ila la nguruwe wenye vishina. Alicheka sana. Mkewe hakucheka, naye hakumweleza yote. Mimi ndiye niliyemweleza.

Alifuga nguruwe mpaka uzeeni. Wanawake walitoka hata Uwemba kuja kumwuliza namna ya kuwatenga watoto wa nguruwe wakigombana, naye alikuwa akiwaambia, "Likionekana limejaa, mtoe mmoja. Likionekana linatosha, mtoe mmoja pia." Na jambo la ajabu ni kwamba ule woga wake wa zamani ulimtoka. Radi ilipiga, yeye anapeta maharage. Wabandua magome kutoka Ukinga na Upangwa walilala katika lile jiko la zamani, akawapa ugali mkononi, jicho kwa jicho.

Ila kanisani alihama. Alikuwa akikaa mbele na wanawake wenzake, sasa akawa anakaa benchi la mwisho, mgongo ukutani, karibu na mlango. Wakati wa sadaka wanaume walipotoka mmoja mmoja kwenda mbele, alinyoosha shingo. Nilidhani anahesabu nani anatoa na nani anapita patupu, nikamtania kwamba uzee umemfanya mbea.

"Naangalia mikono yao," aliniambia.

"Mikono ina nini?"

"Kule bandani nilikaa gizani nikamwona aliyeng'ata. Hapa nimekaa kwenye mwanga miaka yote hii, wifi, sijamwona aliyekata lile sikio."

Jumapili iliyofuata nami nikahamia benchi lake. Wanaume walipita, wengine wameshazeeka, wanawashika mkono wajukuu, wanaimba. Nikajikuta naitazama mikono yao wanapoinyoosha juu ya kikapu. Yote ilikuwa safi.